Nani Atakalia Kiti cha Baba

Gachanja aliingia nyumbani kwa dada yake, huko mtaa wa Kimbo, Ruiru, akiwa na kofia ya ngozi ya mbuzi kichwani, usinga mkononi, na koti la kuazima lililoshonewa mtu mwenye mabega mapana kuliko yake. Ungemwona ungedhani ndiye aliyejenga nyumba ile, akamzaa binti aliyekuwa akiposwa siku hiyo, akamlisha na kumsomesha. Ukweli ni kwamba hata lango alilikosea. Aligonga kwanza kwa jirani, na jirani akamwonyesha njia kwa kidole.

Dada yake, Warigia, alitoka kumpokea akinyoosha mkono. Gachanja akakunja ngumi akampa kifundo cha mkono, kama mtu asiyetaka kumchafua mwenzake.

"Mkono uko na mafuta," akasema.

Mafuta gani, na mtu ametoka Thika asubuhi bila hata chai? Lakini Warigia hakushangaa. Mkono wa kaka yake ulikuwa na mafuta tangu siku aliyosikia dada yake anafanya kazi gani, na miaka yote hiyo haukuwahi kukauka.

Kazi yenyewe ni hii. Ruiru iliota maghorofa mahali palipokuwa na mashamba ya kahawa, na wenye plot walikumbuka kila kitu, vigae, roshani, mageti ya rangi ya dhahabu, wakasahau kwamba mtu anayekula pia huenda msalani. Mitaa mingi ya huko haina bomba la maji taka. Kuna mashimo, na mashimo hujaa. Yakijaa huitwa lori la kunyonya, ambalo watu huliita egzosta wakiwa na adabu, na gari ya mavi wakiwa hawana. Warigia huendesha moja.

Hakuanzia hapo. Alianza akichuma kahawa katika mashamba hayo hayo, Wangeci akiwa mgongoni, mume akiwa ameenda Nakuru kutafuta kazi ambayo hadi leo imekataa kupatikana. Kahawa ikang'olewa. Akauzia mafundi wa mjengo githeri ya mahindi na maharagwe, mjengo ukaisha, mafundi wakahama na masufuria mawili yaliyojaa yakabaki naye. Ndipo akaenda kwa Kisilu, Mkamba mmoja wa Gitothua aliyekuwa na lori kuukuu la kunyonya, na ambaye matanboi wake, wale wasaidizi wa lori, walikuwa wakikimbia mmoja baada ya mwingine kwa sababu ya harufu.

Kisilu alicheka. "Mama, hii si kazi ya wanawake."

"Ni ya kina nani? Kwani wanawake hawaendi choo?"

Kisilu akampa mpira wa kunyonyea aushike. Aliushika miaka. Akajifunza kuendesha kwenye plot zilizokuwa bado tupu, akienda mbele na kurudi nyuma Jumapili mchana baada ya kanisa, na macho ya Kisilu yalipoanza kumsaliti ndiye aliyekabidhiwa ufunguo. Kila jioni alikoga nje kwa sabuni na ndimu kabla ya kuingia nyumbani, ili mtoto asiende shule na harufu ya kazi ya mama. Mtoto akasoma. Wangeci sasa anafanya kazi maabara, katika hospitali moja huko Thika, na nyumba ya mawe alimolelewa ilijengwa na vyoo vya watu wengine, chumba baada ya chumba.

Na ndugu zake? Ndugu walikuwa na haya. Gachanja, ambaye kazi yake ni kusimama kando ya barabara Thika akiuza plot za watu wengine kwa mdomo, aliwaambia marafiki kwamba dadake yuko "kampuni ya usafi". Krismasi moja Warigia alienda kwake na mchele na nyama, akala pamoja nao, akalala. Asubuhi alipotoka kwenda kupiga mswaki aliiona jalalani ile sahani aliyolia chakula, nzima, haina hata ufa. Aliiokota akaiosha, akaiweka ndani ya mkoba, na mpaka leo ndiyo anayolia chakula nyumbani kwake. Hakurudi tena kule, na hakuna aliyemuuliza mbona.

Lakini habari za mbuzi wa mahari husafiri haraka. Wakwe kutoka magharibi walipotuma neno kwamba kijana wao, Philip, anataka kuleta wazee kwa ajili ya Wangeci, simu ya Gachanja, ambayo haikuwahi kuwa na salio la kumjulia mtu hali, ilipiga siku hiyo hiyo.

"Mimi ndiye nitakalia kiti cha baba," akasema.

Hapo ndipo alipomgusa Warigia mahali penye kidonda. Siku ya ruracio, yaani ya kuleta mahari, viti vya wazazi wa msichana huwekwa mbele, na wageni huuliza, huyu mtoto ni wa nani? Aliye kwenye kiti husimama akasema, ni wangu. Maneno mawili tu. Warigia alikuwa akiyasema peke yake nyuma ya usukani tangu Wangeci avunje ungo, akingoja foleni ipungue, tangi limejaa nyuma yake. Hakutaka mbuzi. Hakutaka blanketi wala hotuba. Alitaka kusimama mbele ya watu aseme yale maneno mawili.

"Nitakaa mimi," alimjibu kaka yake.

"Wee Warigia! Utakaa aje mbele? Mbuzi haipokelewi na mwanamke. Ukikaa hapo, sisi wanaume tunainuka, tunaenda. Wageni wapate boma haina mwanaume hata mmoja, useme nini? Na hiyo gari uitoe hapo. Tafadhali."

Mwanamke asiyeogopa shimo lolote la Ruiru aliliogopa hilo. Aliona hema likiwa tupu upande wa kwao, aliona wakwe wakitazamana, aliona Wangeci akilia siku ambayo hakupaswa kulia. Akakubali. Lori likaenda kufichwa nyuma ya kanisa, na mwenye nyumba akaenda kumenya viazi.

Basi siku hiyo Gachanja aliketi mbele ya hema, kwenye kiti kilichofunikwa kitambaa cheupe, akipunga usinga kufukuza nzi ambao, kusema kweli, hawakuwepo. Kando yake waliketi wazee aliowaleta kutoka Thika, ambao walikuwa wameshauliza mara kadhaa nyama imefika wapi. Debe tupu haliachi kuvuma, na la Gachanja lilivuma tangu maombi ya kufungua. Alieleza jinsi malezi yalivyo magumu siku hizi. Alieleza jinsi mzazi anavyojinyima. Huko jikoni, Warigia alikata kiazi kipande kidogo zaidi ya alivyokusudia.

Msemaji wa wageni alikuwa mzee Wamalwa, ami yake Philip, mtu mnene mwenye sauti ya taratibu na macho yasiyolala. Alisikiliza yote, akaitikia kwa kichwa, kisha akauliza kama mtu anayepitisha muda:

"Na huyu mtoto wetu, mzee, anafanya kazi gani?"

"Mwalimu," akasema Gachanja bila kupepesa. "Mwalimu mzuri sana."

Philip akainua kichwa. Mama yake, Nakhumicha, akamtazama Wamalwa. Wamalwa akatabasamu tu, akasema, "Kazi nzuri."

Ukafika wakati wa kumtambua bibi arusi. Desturi inajulikana: wasichana wanafunikwa leso kuanzia kichwani hadi miguuni, wanatolewa nje kwa mstari, na kijana anachagua aliye wake. Akikosea anatozwa faini na watu wanacheka. Wangeci alikuwa amefungiwa chumbani na wenzake tangu alfajiri, kama desturi inavyotaka, kwa hivyo hakuna mgeni aliyekuwa amemwona, wala Gachanja, ambaye mara ya mwisho alipomtazama, Wangeci alikuwa bado msichana wa shule ya msingi, aliyepungukiwa na meno ya mbele. Wasichana wakatolewa, wakapanga mstari, kimya, leso zikipepea miguuni. Philip akasimama.

"Kaa kidogo," Wamalwa akamwambia. Akamgeukia Gachanja. "Mzee, tusameheane. Sisi kwetu ukienda kununua ng'ombe, mwenye zizi ndiye anakuonyesha kwanza ng'ombe wake ni yupi. Ndio ujue unaongea na mwenyewe, si broka. Tuonyeshe mtoto wako, halafu huyu kijana naye ajaribu."

Wanawake wakapiga vigelegele, wakidhani ni mzaha. Wazee wa Thika wakacheka. Gachanja pia alicheka, kwa sababu mtu ambaye hajui kitu hawezi kujua kuwa hajui. Aliinuka na usinga wake, akapita mbele ya mstari akiwa amefumba jicho moja, akasimama mbele ya aliye mrefu zaidi.

"Damu haipotei," akatangaza. "Sisi kwetu ni warefu. Huyu ndiye mtoto wangu!"

Akafunua leso. Ndani yake alikuwa Dorine, Mjaluo wa Kisumu anayefanya kazi na Wangeci huko maabara.

"Habari yako, baba," akasema Dorine, kwa heshima zote.

Ngai! Watu walicheka mpaka hema likatikisika. Gachanja akasema alikuwa anatania, akarudi kwenye mstari, mara hii hatua zake zikiwa fupi. Aliinama akatazama viatu. Akatazama mikono iliyoshikilia leso. Jasho likatokea chini ya ngozi ya mbuzi. Akafunua mwingine, na huyo naye alikuwa binti wa jirani, wa nyumba ile ile aliyogonga asubuhi kwa makosa.

Hapo kicheko kikakatika. Hakikupungua polepole, kilikatika, kwa maana kila mtu alielewa kwa pamoja kitu walichokuwa wakikitazama. Wazee wa Thika wakaanza kuchunguza kucha zao.

"Mzee, kaa chini upumzike," Wamalwa akasema, bila ubaya wowote. Kisha akapaza sauti kidogo. "Katika boma hii kuna mtu anamjua huyu msichana?"

Warigia alikuwa amesimama mlangoni mwa jikoni na kisu mkononi. Aliona aibu, aibu ya kaka yake, ambayo kwa namna fulani alizoea kuibeba kama alivyobeba za wengine. Angeweza kunyamaza. Badala yake aliweka kisu dirishani, akafuta mikono kwenye aproni, akavuka uwanja. Hakupita mbele ya mstari. Alisimama mbali kidogo, akautazama, kisha akasema kwa sauti aliyoitumia kila asubuhi ya shule:

"Wangeci, nyoosha mgongo."

Leso ya pili kutoka mwisho ikanyooka yenyewe. Ilinyooka kabla mwenyewe hajafikiri, kwa woga wa utotoni, kisha ikaanza kutikisika kwa kicheko, na ndani yake sauti ikasema, "Sawa, mum." Uchungu wa mwana aujuaye ni mzazi, wahenga walisema, na hawakusema ami wala mjomba.

Vigelegele vilivyopigwa hapo vilisikika hadi steji ya matatu ya Kimbo. Philip alienda akafunua leso asiyohitaji tena kuibahatisha, na hakuna aliyekumbuka faini. Wamalwa alinyanyua kiti chake cha plastiki, akakigeuza, akaupa mgongo ule mstari mzima wa wazee, akakaa akimwelekea Warigia.

"Sasa ndiyo tunaanza," akasema. "Mama, huyu mtoto ni wa nani?"

Warigia alivua aproni. Maneno aliyokuwa akiyasema miaka yote nyuma ya usukani yalikuja na uzito ambao hakuutarajia.

"Ni wangu."

"Na wewe mama unafanya kazi gani, iliyolea mtoto kama huyu?"

Nyuma, Gachanja alikohoa. Warigia alimsikia vizuri kabisa.

"Naendesha egzosta," akasema. "Iko pale nyuma ya kanisa. Niliambiwa niifiche, mkwe asiione."

Nakhumicha, mama yake Philip, akapiga mapaja yake kwa mikono miwili.

"Haiya! Na plot anayopanga Philip kule Kiuu shimo limejaa wiki nzima, keyateka anayeitunza anatuzungusha tu! Mbona hukukuja nayo? Uniachie namba yako kabla hatujaenda, usisahau."

Watu wakacheka tena, lakini kicheko hiki kilikuwa cha watu wa nyumba moja. Hata wazee wa Thika walicheka, kwa kuwa waliona nyama inaelekea upande gani.

Gachanja naye aliona. Aliinuka kwenye kiti cheupe, akavuka hadi alipokuwa dada yake, akatabasamu kwa meno yote ili wageni wamwone, na mbele yao wote akamnyooshea mkono, kiganja wazi.

"Karibu kiti, dada yangu."

Warigia aliutazama mkono ule. Ulikuwa mkavu na safi. Alikunja ngumi akampa kifundo cha mkono.

"Pole," akasema. "Mkono uko na mafuta."

Akampita, akaenda akaketi. Gachanja alibaki amesimama na usinga wake katikati ya hema, akitazama huku na huku kutafuta pa kukaa, na hakuna aliyemletea kiti kingine.