Dhamana Aliyoitoa kwa Adabu

Einollah Saki, mpanga barua wa posta mjini Borujerd, hakuwa na mali ila mshahara wa serikali. Na mti wenye matunda ndio upigwao mawe. Benki za kule hazikopeshi mtu bila mdhamini, na mdhamini zinayempenda kuliko wote ni mtumishi wa serikali.

Miaka mitatu nyuma, jirani yake Karamali, aliyetaka kufuga kuku, alikuja kunywa chai akalalamika kwamba hana mdhamini. Einollah akasema kama kila muungwana wa Borujerd angesema: "We Karamali, unahangaika nini na mimi nipo? Nitakudhamini mwenyewe!"

Maneno hayo ni ya adabu tu. Anayeambiwa hujibu, "Ah, sitaki kukusumbua," mara ya kwanza, ya pili na ya tatu, kisha mazungumzo yanahamia kwenye bei ya nyama. Karamali hakukataa hata mara moja. Aliruka akambusu mwenyeji wake mashavu yote mawili.

"Rudi ukamwambie haikuwa kweli," Mahparvar, mke wa Einollah, alimnong'oneza jikoni.

"Nimwambie vipi, mke wangu? Mgeni yule!"

Mchelea mwana kulia hulia yeye. Einollah alisaini, kuku wakashikwa na kideri wakafa wote, na Karamali akahamia kusini bila hata kuaga.

"Mfuateni yeye," Einollah alimwambia karani wa benki. "Kuku walikuwa wake. Mimi sikula hata yai!"

"Hukula, baba, lakini ulisaini," karani alijibu kwa upole. "Kwenye mkataba, mkopaji na mdhamini wote wanadaiwa sawasawa. Tunamkamata anayepatikana. Ukishalipa, una haki ya kumdai Karamali."

"Nimdai wapi?"

"Hilo sasa ni lako, baba."

Tangu hapo robo ya mshahara wake ikawa inakatwa kabla hajaugusa. Mchuzi ukabaki na maharage bila nyama. Mahparvar hakumsema hata siku moja, na hilo ndilo lililomuuma zaidi.

Kisha binti yao, Nastaran, akachumbiwa. Maharusi hupewa mkopo wa ndoa, na bila huo yeye na mchumba wake wasingeweza kupanga hata chumba kimoja. Nao ulitaka mdhamini. Einollah alikimbilia benki kifua mbele, akaambiwa mshahara unaokatwa haudhamini mtu. Masikini, alimdhamini mwenye kuku, na mwanawe wa kumzaa akashindwa kumdhamini!

Akabeba boksi la peremende akaenda kwa Yarahmadi, mwenzake wa posta. Hata chai haijapoa, Yarahmadi alishajipiga kifua.

"Kaka Einollah, mtoto wako si mtoto wangu? Mdhamini ni mimi, kwa macho yangu yote mawili!"

Lilibaki neno moja tu: asante. Einollah alilihisi mdomoni. Lakini mke wa Yarahmadi alikuwa ameacha kumenya tango, kisu kikiwa hewani, na Yarahmadi mwenyewe alikuwa akitazama zulia. Einollah aliijua sura ile. Ilikuwa yake mwenyewe, siku ile ya Karamali.

"Sitaki kukusumbua, kaka," alisema.

"Usumbufu gani? Utaniudhi sasa!"

"Hapana, kaka."

"Jamani, kwa roho ya marehemu baba yangu..."

"Hapana. Mungu akuzidishie."

Yarahmadi akashusha pumzi. Mkewe akamaliza kumenya lile tango, akalitia chumvi, akaliweka kwenye sahani ya mgeni. Wakaongea bei ya nyama.

Nyumbani Nastaran alikuwa anamsubiri mlangoni.

"Baba, umempata mdhamini?"

"Nimempata, mwanangu."

Uso wa binti ukachangamka. "Nani? Yuko wapi?"

"Yuko kwake," Einollah alisema. "Nimemwacha alale usingizi."

Nastaran alimtazama baba yake, machozi yakimlenga. Kisha akampokea koti.