Mtamba wa Nkasiogi na Udongo wa Zizi

Siku mama mkwe alipomkabidhi Nkasiogi shamba, alimpa sharti moja: kilichoachwa na ng'ombe zizini kisitoke nje ya lango. Nkasiogi alilishika sharti hilo miaka kumi na tisa, kisha akalivunja asubuhi moja.

Shamba lilikuwa Olasiti, magharibi ya Mlima Meru, mahali palipokuwa na zizi kubwa kabla sotoka haijamaliza ng'ombe. Ng'ombe walikufa, samadi yao ikabaki. Ilioza pale mpaka ikawa udongo mweusi, laini, wenye unyevu hata jua lilipokuwa kali. Mahindi yalimpita mtu kimo, na migomba ilibidi itegemezwe kwa miti kwa uzito wa mikungu. Watu tisa walikula hapo. Kwa desturi ya Waarusha, shamba la mama hurithiwa na mwanawe. Hili lingekuwa la Kasaine, mwana wa Nkasiogi.

Mwaka 1911 mlowezi mmoja wa Kijerumani alifungua kitalu cha kahawa ng'ambo ya mto. Miche ikadumaa. Akamtuma msimamizi wake, Jamaldini, mtu wa pwani, atafute udongo mzuri. Jamaldini alifika kwa Nkasiogi akimvuta mtamba mwekundu kwa kamba.

"Mama, bwana anataka udongo wa hapa zizini tu. Huyu atabaki kwako."

Nkasiogi hakuwa na ng'ombe wake tangu sotoka. Alimpapasa mtamba mgongoni, akamfunua mdomo atazame meno.

"Kwa udongo?" akacheka. "Huyo bwana wako ana akili timamu?"

"Akili anazo, udongo ndio hana. Tuchimbe mpaka wapi?"

"Chimbeni mpaka mchoke. Udongo nao unaisha?"

Nasieku, mke mwenzake, aliguna. "Mama mkwe angekuwa hai ungethubutu kusema hivyo?"

"Angekuwa hai angekuwa wa kwanza kuniletea kibuyu nimtilie maziwa."

Siku hiyo hiyo alimpeleka mtamba Elerai kwa kaka yake, mwenye dume zuri. Akakaa huko akimtazama anavyokula majani, kama mtu anayemtazama bibi harusi.

Aliporudi siku ya nne alisimama langoni akadhani amepotea njia. Shamba lilikuwa limezama. Palikuwa na shimo la kufika kiunoni, na chini yake jivu la mlima, la kijivu, lenye vijiwe vyepesi vya kuelea majini. Mizizi ya migomba ilining'inia hewani. Jamaldini alikuwa bado ukingoni na wachimbaji wake.

"Jamaldini! Umenifanya nini?"

"Ulisema mpaka tuchoke, mama. Watu wangu bado wana nguvu."

Maneno yalikuwa yake.

Alipanda hivyo hivyo. Mvua ilinyesha vizuri mwaka ule, lakini jivu halikushika maji. Yalipita kama kwenye chekeche. Mahindi yaliota membamba kama vidole, majani yakawa ya manjano, kingo zake zambarau, nayo yakakauka kabla ya kubeba. Maharage yalitoa maua yakayaangusha. Migomba ilianguka mmoja mmoja, hata pasipo upepo.

Siku moja alivuka mto. Alikuta miche ya kahawa imesimama mistari na mistari, majani yakimetameta. Akachota udongo mkononi, akaunusa. Ulikuwa wake. Akapiga magoti pale, macho yamemtoka, mpaka mlinzi akamwambia aondoke.

Mlowezi alichukua bila kujali nani atakula nini. Hilo ni dhuluma, hata kama liliitwa mapatano. Lakini sitamsafisha Nkasiogi. Hakukosa kujua. Aliambiwa, akakumbushwa mbele ya mtamba, akacheka.

Aliishi miaka mingine kumi na mitatu. Kila asubuhi alibeba kinyesi cha mtamba yule na ndama zake hadi shambani, akakichanganya na majivu ya jikoni na majani makavu. Kwa kazi hiyo yote alirudisha kipande cha migomba kumi na miwili.

Kasaine alipooa hakuwa na mahali pa kumwonyesha mkewe alime, akahamia Terrat kuomba ardhi kwa watu. Shamba lililolisha tisa lilimlisha mama yake peke yake.