Nilivyomfariji Mwimbaji kwa Ile Video Feki

Jamani, nichekeni tu. Juzi nilikuwa mtaa wa Loresho nikifunga mapazia mapya sebuleni kwa mwimbaji wa injili, yule ambaye matapeli walibandika uso wake kwenye video chafu. Nikitaka anipe kazi ya mapazia ya vyumba vyote, nikaamua kumfariji. Si nimesomea kompyuta masomo ya jioni?

“Pole, madam. Mtaani kwetu Kinoo wote nimewaambia ile video ni feki.”

“Asante, kaka! Ulijuaje?”

Kifua kikavimba nusura kiguse dari. “Mkono una vidole sita!”

“Vinaonekana wapi?”

“Kule mwishoni, ukikuza picha.”

Madam akaangua kicheko, akaita jikoni, “Mama, njoo! Mimi mwenye uso nilishindwa hata kuifungua. Huyu mtetezi wangu ameimaliza, na akakuza!”