Siku ya Ndoo Tupu

Nina hasira, na mtu asiniambie nitulie. Nimeambiwa nitulie tangu ile sherehe ya Bunda, na kila anayeniambia hivyo anazidi kunichochea.

Mama yangu alizaliwa Kibara, kando ya ziwa, akaolewa Mugeta kwenye pamba na ng'ombe, mahali ambapo samaki alikuwa anafika akiwa amekauka hadi amesahau maji. Mimi na kaka yangu tulipokuwa wadogo tulikuwa tunapalilia naye pamba, na jua la kule halina huruma na mtu. Ili tusilie, mama akatutungia nchi. Ilikuwa chini ya ziwa. Watu wake walichunga sato kama sisi tulivyochunga ng'ombe, waliwakamua asubuhi na kuwafungia zizini jioni. Tulipomuuliza huko ni mwezi gani, akatutungia na kalenda.

Mwezi wa angani hauonekani kutoka chini ya maji, kwa hiyo mwaka wao ulifuata samaki. Mwezi wa Sangara kila mtu alikuwa mlafi, na ilikuwa marufuku kuazimana hata chumvi. Mwezi wa Gogogo watu waligombana kwa makelele, kisha wakasahau waligombania nini. Mwezi wa Kamongo walijizika kwenye tope wakalala, mfalme naye akalala, na hakuna kesi iliyosikilizwa. Mwezi wa Furu watoto waliwaamuru wakubwa. Na mwezi haukuwa na urefu maalumu. Uliisha pale mtu wa mwisho alipouchoka. Tulikuwa tunapalilia mstari mzima wa pamba tukibishana ni nani bado hajauchoka.

Kati ya Kamongo na Furu palikuwa na siku isiyo ya mwezi wowote, Siku ya Ndoo Tupu. Siku hiyo maji yaligoma. Mwanamke akichovya ndoo, inatoka kavu. Akiwasha moto, unazima. Basi wanawake wa nchi ile walikaa. Walikaa tu, wakanyoosha miguu, wanaume wakahangaika na njaa zao. Mama alipofika hapo alikuwa anaegemea jembe na kucheka peke yake. Baba alitukuta siku moja akasikiliza kidogo, akasema hizo ni stori za watu wavivu, akaenda zake kilabuni.

Mama hakuwahi kuwa na kitu chake. Shamba la ukoo, ng'ombe za baba, na sisi wenyewe tunaitwa watoto wa baba. Kalenda ile ndiyo kitu pekee alichokitengeneza yeye kwa kichwa chake, na ninajua hivyo kwa sababu nilikuwepo.

Kaka yangu naye alikuwepo. Sasa ni mtu mkubwa pale Bunda, na mwaka huu aliingia kwenye kamati ya sherehe ya utamaduni. Kamati ilikuwa inatafuta kitu cha kuwaonyesha wageni. Kaka akawapa kalenda ya mama na kuwaambia ni ya wazee wa kale. Mimi nilitoka Musoma asubuhi bila kujua lolote, nikakutana na bango kubwa mlangoni: Kalenda ya Mababu Zetu. Sangara yupo, Gogogo yupo. Siku ya Ndoo Tupu haikuwepo. Mahali pake paliandikwa Siku ya Wazee, na chini yake maelezo kwamba siku hiyo wanawake huamka alfajiri, huteka maji na kuwapikia wazee. Nilisoma mara mbili.

Nikamfuata kaka. "Kaka, hii ni ya mama."

"Najua ni ya mama. Sasa dada, nikisema ilitungwa na mama yetu kwenye palizi, nani ataiweka kwenye bango? Ikiwa ya wazee inakuwa na uzito."

"Na ndoo tupu?"

"Hiyo, kamati haikuielewa."

Mzee mmoja aliyesimama karibu akathibitisha. "Babu yangu alikuwaga anaifuata hii. Mwezi wa Kamongo alikuwaga hatoki kabisa ndani." Muongo mkubwa. Siku nyingine ningecheka hadi nikae chini.

Mama nilimkuta nyuma ya maturubai, kwenye moshi, anasonga ugali na wanawake wenzake. Waliitwa kupika, maana sherehe ilipangwa iwe ndiyo Siku ya Wazee yenyewe. Umri ule, na mgongo ule.

"Mama, umeliona bango?"

"Wamenisomea."

"Na umenyamaza?"

"Ningesema nini, mwanangu? Niachie moshi wangu." Akasonga kidogo, kisha akaniuliza kwa sauti ya chini, "Ndoo hawakuandika?"

"Hawakuandika."

"Hiyo ndiyo nilikuwaga naipenda," akasema.

Sikungoja zaidi. Nilikwenda mbele na kuomba kipaza sauti. Nikasema kalenda hii haikutungwa na mababu, ilitungwa na mama yangu mzazi, kwenye shamba la pamba Mugeta, na yuko hai, yuko hapo nyuma anawapikia.

Mshereheshaji akaniuliza kwa adabu, "Dada, wewe ni mtoto wa nani?"

Nikamtaja marehemu baba. Nilijibu tu kama tulivyofundishwa kujibu.

"Aah, kumbe!" wazee wakasema. Mwenyekiti wa kamati akasimama, uso umemchangamka. Akaeleza kwamba sasa mambo yamekaa sawa, kwamba mwanamke akiolewa hufundishwa mila za boma alikoolewa, na kwamba bila shaka marehemu baba yetu ndiye aliyeitunza kalenda hii na kumrithisha mkewe. Nilikuwa napiga kelele kwamba sivyo, lakini kipaza sauti kilikuwa kimeshachukuliwa. Watu walipiga makofi. Kaka yangu, aliyeketi meza kuu, alipiga makofi.

Wakamwita mama apokee blanketi na fimbo kwa niaba ya marehemu. Alikuja akifuta mikono kwenye khanga, macho mekundu kwa moshi. Wakamvika blanketi la mume wake katika joto lile, wakamwomba aseme neno.

Akakitazama kipaza sauti. Nikamwomba Mungu mama aseme.

"Asanteni," mama akasema. "Chakula kiko tayari."

Walishangilia kuliko wakati wote wa siku ile. Nilipogeuka kumtafuta kaka yangu, alikuwa ameshaenda kunawa.