Ng'ombe Aliyelamba Mwezi Silibwet

Edinah alikuwa na studio ya picha Silibwet, chumba kimoja nyuma ya duka la mbolea. Wateja walikuwa wamechoshwa na pazia lake la kupigia picha, lililochorwa jumba la ghorofa, ndege, na mnazi ulioinama kama mlevi.

Julai ya tisini na nne, gazeti likatoa picha ya dunia iliyopigwa kutoka mwezini, maana ilikuwa imetimia miaka ishirini na mitano tangu watu watembee huko. Edinah aliikodolea macho hadi chai yake ikapoa. Dunia ilikuwa ya buluu, inaelea gizani peke yake, na chini yake ardhi ya mwezi, kavu kama barabara ya Januari.

"Hapa ndio watu watasimama," akajiambia.

Akashona mashuka mawili pamoja. Anga akaipiga rangi nyeusi. Rangi nyeupe ya kuchorea mwezi haikutosha, basi akaichanganya na majivu na uji mzito wa ngano ili ishike. Dunia aliichora mwisho, polepole, ulimi nje.

Mteja wa kwanza alikuwa Gordon, karani wa kiwanda cha chai, ndani ya suti nyeusi mpya. Filamu ikapelekwa Kericho kusafishwa. Iliporudi, Gordon aliishika picha, akaigeuza, akaigeuza tena.

"Madam, mimi niko wapi?"

Ilionekana kola, tai, na macho mawili. Suti na kichwa vilimezwa na anga. Edinah alitaka kuomba msamaha, kicheko kikamtangulia. Gordon alinuna kidogo, kisha naye akaangua.

Jioni hiyo Edinah alikaa akilitazama pazia. Suti haikuwa na makosa. Ile ardhi nyeupe ya mwezi ndiyo ilikuwa imekaa chini mno. Akaipandisha hadi ikampita mtu kichwani, suti nyeusi ipate weupe nyuma yake, dunia akaichora upya juu pembeni. Gordon akarudi, na mara hii akatoka mzima, hadi mikunjo ya suruali. Nakala moja akamtumia mamake, kwao kando ya ziwa.

Habari zikaenea. Watu wakaja kutoka Boito na Kabianga, maharusi, wanakwaya, na Edinah akawa anaimba wimbo mmoja kutwa: "Usiangalie dunia, niangalie mimi!"

Aliyekataa kupigwa picha ni mamake Edinah, Chepkemboi.

"Mwezi ni ya Mungu," alisema. "Nyinyi mnaenda kukanyaga."

"Mama, ni shuka tu."

"Basi nitakuja. Lakini na ng'ombe yangu."

Ng'ombe hakuweza kupita mlangoni. Wakabeba pazia, wakalitundika kwenye ukuta wa banda la kununulia chai. Wanawake waliokuwa wakileta majani wakatua vikapu vyao kuona sinema ya bure. Chepkemboi akasimama wima, uso mkavu kama wa kitambulisho. Edinah akainua kamera.

Ng'ombe akanusa ule uji wa ngano. Akageuza shingo, akatoa ulimi, akaanza kulamba.

"Edinah!" mtu akapiga kelele. "Anakula mwezi!"

Chepkemboi akageuka, akaona, akacheka hadi akashika kamba ya ng'ombe kwa mikono miwili asianguke. Hapo hapo Edinah akabonyeza. Hakuwahi kuwa na picha ya mamake akicheka.

Alama ya ulimi ilibaki. Edinah alichukua brashi aizibe, akalitazama gazeti tena, akaona mwezi wenyewe umejaa mashimo ya namna hiyo, akaiacha.

Jumapili baada ya kanisa Chepkemboi akapita studio, akasogelea ile dunia ya buluu.

"Na kwetu ni wapi hapa?"

Edinah akachovya brashi kwenye rangi ya kijani, akaweka nukta. Ilifunika Kenya karibu nusu na kuvuka hadi Uganda.

"Silibwet ni kubwa hivyo?"

"Brashi ndiyo kubwa, mama. Wacha nifute."

"Unafuta nini?" Chepkemboi akamshika mkono. "Wacha hivyo."