Nati ya Mwisho

Mume wa dada yangu ni fundi wa magari, na ukimsikia akiongea na nati utadhani anambembeleza mtoto asiyetaka kula. "Njoo, mama. Njoo taratibu." Sisi wateja anatufokea. Leo alikuwa ananibadilishia linki za mbele, vile vyuma vifupi vinavyozuia gari lisilale kwenye kona. Za zamani alizitikisa karibu na sikio langu, zikagonga. "Unasikia, shemeji? Ulikuwa unaendesha ngoma." Mpya akazifunga nati kwa vidole tu, akalishusha gari likasimama kwa uzito wake juu ya shimo la gereji, maana kwake nati haikazwi gari likining'inia. Na kukaza huko kwa mwisho hamwachii mtu.

Akaingia shimoni. Mkono wa kushoto ukazuia skrubu isizunguke, wa kulia ukavuta spana. Spana ikaanguka. Akaiokota, ikaanguka tena. Nikainama nimtanie kwamba amezeeka, ndipo nikauona mkono wenyewe: vidole havikunjiki, vimekaa tu kama glovu tupu. Akausugua kwenye suruali, kana kwamba tatizo ni grisi.

"Shuka," akasema.

Nikashuka na shati langu jeupe. Akanipa spana, akaweka kiganja cha kushoto juu ya mkono wangu. "Vuta. Bado. Bado... hapo, acha." Hakunifokea hata kidogo, nikaogopa.

"Shemeji, usimwambie dada yako."

"Nimwambie nini? Kwamba nimekaza nati? Ataamini?"

Hakucheka. Akasogea upande wa pili, akanionyesha kwa kidole cha kushoto ilipo nati nyingine.