Nyigu wa Koko

Wewe ukikuta nyigu wamejenga juu ya mlango wa jikoni, unafanya nini? Sema ukweli. Unakimbilia kopo la dawa.

Nikiwa bado mtoto wa shule ya msingi, likizo tulizimalizia Nyantende kwa Koko, bibi yangu, mama yake Papa. Nyigu wake walikaa chini ya paa la jikoni, naye aliwasalimia kila asubuhi. Kwake walikuwa wageni waliotumwa na wazee wetu waliokufa.

"Ukibafukuza, shamba italia," alituonya.

Papa, mtu wa ofisi kule mjini Muhumba, alicheka. "Maman, iyo ni superstition tu."

Msimu mmoja kiota kikabaki kitupu. Haukupita muda, viwavi wakaingia kwenye kabichi, wakaacha mishipa mitupu. Koko hakushangaa, alitafuta mwenye kosa. Kwao, mke aliyeolewa mwisho ndiye anayefagia chini ya paa, basi ndiye anayejibu. Huyo alikuwa Maman Nsimire, mke wa mdogo wake Papa, na mumewe alikuwa safarini. Isitoshe, nyigu mmoja alishamuuma kwenye kope, nasi tukamcheka: "Maman, jicho iko wapi?" Ushahidi gani tena?

Leo kazi yangu ni kutambua aina za nyuki na nyigu mashambani, kutoka Nyantende hadi Mumosho. Wapo nyuki wasiojua mzinga, kila mmoja na shimo lake ardhini. Wapo nyigu wanaobeba viwavi kwenda kulisha watoto wao. Wakulima nawaomba waangalie kwanza nani anamla nani, ndipo wafikirie dawa. Koko alijua nusu ya jambo hilo. Nusu nyingine aliijaza mwenyewe, na ilikuwa karibu ivunje nyumba ya mtu. Sitampamba eti kwa sababu amekufa.

Jumapili moja ya msimu ule wa viwavi, baada ya misa, alimgeukia Nsimire mbele yetu sote.

"Beba vitu yako, urudi kwenu. Mutoto anabaki. Ni wetu."

"Maman, miye sikubagusa. Naapa."

"Nani sasa? Upepo?"

Papa aliendelea kutafuna bugali, macho kwenye sahani.

 Nsimire alifungua kitenge mgongoni, akamtoa mtoto, na kwa kuwa Papa ndiye aliyekuwa mkubwa wa nyumba, akamweka mapajani mwake. Mtoto akaikamata tai ya misa, akaanza kuinyonya.

Papa akaacha kutafuna.

"Kamata mutoto wako," alimwambia Nsimire, akamrudishia. Hadi leo, kila nikimkuta Nsimire akifagia ua uleule, nashusha pumzi kwa ajili ya maneno ambayo Papa alimwambia Koko hapohapo.

"Ni miye, Maman. Ile dimanche nilisema kichwa inaniuma, mukaenda misa. Nilibapulizia dawa ya mende. Nabaogopa, ni vile tu. Tangu utoto nabaogopa."